Mvua ya Siku za Kupumzishwa

Daftari langu la kwanza liko Bukoba mjini, ofisi ya kazi, ndani ya jalada la serikali. Limetobolewa matundu mawili pembeni na kufungwa uzi wa kijani. Niliomba kurudishiwa nikaambiwa haiwezekani, ni kielelezo. Kwa hiyo haya nayaandika kwa kukumbuka tu, katika daftari jipya ambalo Tata amenipa. Juu yake nimeandika HESABU kwa herufi kubwa ili mtu yeyote akiliona asitamani kulifungua.

Tata ndivyo tunavyomwita baba kwetu Kishanda. Tangu nilipokuwa darasa la pili amekuwa akifanya kazi kituo cha kilimo, nusu saa kwa miguu kutoka kwenye kibanja chetu. Anamwagilia miche ya kahawa, anapalilia vitalu, anabadilisha majani ya kivuli yakikauka. Na kila siku saa tatu asubuhi anapima mvua. Chombo chenyewe ni kopo la shaba lililochimbiwa ardhini katikati ya uwanja mdogo wenye uzio, na bilauri nyembamba yenye mistari. Unamimina maji kwenye bilauri, unasoma mstari, unaandika kwenye kitabu, unamwaga. Basi. Lakini Tata hunawa uso kabla ya kwenda kupima, kama mtu anayekwenda kanisani.

Kazi hiyo ilikuwa ya kibarua wa muda. Maana yake nilikuja kuielewa baadaye. Kila mwisho wa Juni na kila mwisho wa Desemba karani wa kituo aliwaita vibarua wote na kuwaambia wakapumzike wiki mbili. Wiki mbili zikiisha anawaita tena, wanabonyeza dole gumba kwenye fomu mpya, kana kwamba hawajawahi kuonana. Karani alikuwa akimwambia Tata, "Karibu kazini, mzee." Tata anajibu, "Ahsante, nimeshakaribia," na wote wawili wanacheka. Mimi nilipokuwa mdogo nilidhani kupumzishwa ni zawadi, kwa sababu wiki zenyewe ziliangukia likizo yetu ya shule, na nilimpata baba nyumbani.

Ila nyumbani hakukaa. Asubuhi ya kwanza ya kupumzishwa alikunywa uji, akanawa uso, akapotea. Nilipomuuliza Mama amekwenda wapi, alisema bila kuinua macho kwenye ndizi alizokuwa akimenya, "Kwa mke mwenzangu."

Nilishtuka kweli. Mama akacheka mpaka kisu kikamponyoka. "Mke mwenzangu wa shaba, mwanangu. Yule anayekunywa mvua."

Ndipo nikajua kwamba siku za kupumzishwa Tata alikwenda kupima vilevile. Nilimuuliza kwa nini, ilhali halipwi. Akasema kopo lisipomwagwa leo, mvua ya leo itachanganyika na ya kesho, na kitabu kitasema uongo mwaka mzima. Na karani mwenyewe alikuwa amemwambia zamani, "Wewe pima tu, mimi nitakuja kunakili." Lakini Tata alikuwa na jambo moja ambalo sidhani mtu mwingine angelifikiria. Kitabu cha kituo hakukigusa siku hizo. Alisema, "Wiki hizi mimi si wa serikali, na kitabu ni cha serikali. Nikiandika humo nitakuwa nimejipachika." Basi alinipa mimi daftari la buluu, lile lenye jedwali la kuzidisha nyuma, akawa anarudi nyumbani na namba kichwani, akinitajia naandika. Sufuri. Sufuri. Nne. Karani alikuwa akija siku yake, ananakili kutoka daftari langu kwenda kwenye kitabu, kwa mwandiko wake mzuri.

Hivyo ndivyo nilivyoanza kuandika. Chini ya namba palibaki nafasi kubwa nyeupe na niliona huruma kuiacha. Nikawa naongeza neno. Mama anaumwa jino. Senene wameanza kuruka. Kisha maneno yakawa mengi kuliko mvua. Mimi si msemaji. Shuleni Bukoba, ninapolala bweni, mara mbili nimeandikwa kwamba sikuwepo ilhali nimekaa dawati la mbele, kwa sababu mwalimu alipoita jina langu hakunisikia nikiitika. Lakini kwenye daftari nilisema yote.

Sasa niseme na hili. Siku ya kwanza ya kidato cha kwanza mwalimu alipita dawati kwa dawati na fomu, akiuliza kazi ya baba. Mmoja akasema baba ni karani wa posta. Mwingine, mwalimu. Msichana wa Nyanga akasema baba yake ana duka la vitambaa. Nilipofikiwa mimi, kinywa changu, ambacho siku zote hakisikiki, kikasema wazi kabisa, "Bwana shamba." Ikaandikwa. Mwaka uleule tuliandika insha ya siasa kuhusu heshima ya kazi, kwamba nchi yetu ni ya wafanyakazi na wakulima na hakuna kazi ya aibu. Yangu ilipata alama ya juu kuliko zote, ikasomwa mbele ya darasa. Niliinamisha kichwa wakadhani ni haya.

Desemba iliyopita Tata alipumzishwa kama kawaida. Akapima, nikaandika. Wiki mbili zilipoisha hakuitwa. Badala yake ililetwa karatasi ya mistari mitatu. Nilimsomea mimi, maana Tata anajua namba lakini barua inamchosha. Ilisema kwamba kituo kinapunguza vibarua, kwamba kazi yake ya muda imekwisha, na kwamba anashukuriwa.

"Soma tena," alisema.

Nikasoma tena.

"Na mvua atapima nani?"

Hiyo haikuandikwa. Mama aliingia ndani. Tata alikaa mlangoni na karatasi juu ya goti, na ilipofika saa tatu alisimama, akakaa, akasimama tena.

Siku mbili baadaye gari la kituo liliharibika, wakaleta fundi wa magari ya serikali kutoka mjini. Alikuwa mzee wa Kiislamu mwenye kofia iliyokwisha kuwa nyeusi kwa grisi, na ndiye katibu wa kamati ya wafanyakazi. Tata alimpelekea kahawa ya kutafuna, ile ya kuchemshwa na kukaushwa, imefungwa kwenye jani la mgomba, kama tunavyomkaribisha mgeni yeyote. Walipoanza kutafuna ndipo karatasi ikatoka mfukoni. Jioni yule mzee alikuja nayo mpaka nyumbani.

"Sikiliza, ndugu yangu," alimwambia Tata. "Sheria inauliza jambo moja tu: kazi yako ilikatika au haikukatika? Kama ilikatika, kila Julai na kila Januari wewe ni mgeni, na mgeni huagwa kwa mistari mitatu. Kama haikukatika, wewe si wa muda tena hata fomu ikisema hivyo. Hapo huondolewi bila sababu kutajwa na kamati kuisikiliza."

"Ilikatika," Tata alisema kwa unyenyekevu. "Wiki mbili, kila mara. Dole langu liko kwenye fomu."

Mama akatoka jikoni na mwiko. "Waitu, ndugu yetu, usimsikilize huyu. Haikukatika hata siku moja. Mimi ndiye ninayejua alikokuwa."

"Dada, afisa kazi hatachukua neno la mke."

"Basi achukue daftari la mtoto."

Wote wakanigeukia. Nilikuwa nimesimama na sahani. Yule mzee akaniuliza, "Daftari gani, binti?" na mimi nikasema ni la mvua tu. Hilo "tu" nililisema kwa nguvu kiasi kwamba Tata alinitazama.

Kulikuwa na ukurasa mmoja. Ulikuwa wa Juni, na Juni kwetu haina mvua ya maana, lakini siku ile ilinyesha. Siku hiyohiyo karani alikuja kunakili, na siku hiyohiyo niliandika jambo ambalo sikutaka mtu alisome mpaka nife. Nilikwenda nyuma ya jiko nikataka kuuchana. Nikaugeuza, na upande wa pili palikuwa na namba za siku saba, zote za siku za kupumzishwa. Nikichana langu nachana na la Tata. Nilikaa pale mpaka mbuzi wakaja kuangalia kama nina chakula.

Mbele ya afisa kazi tulikwenda wiki ya mwisho kabla shule hazijafunguliwa. Tulifikia kwa shangazi Buhembe, na asubuhi tukateremka mjini kwa miguu, Tata akiwa amevaa koti la marehemu babu. Chumba kilikuwa kidogo, meza moja, madirisha yanaangalia ziwani. Afisa kazi alikuwa kijana, hakupenda maneno mengi. Katibu alikaa upande wetu akitafuna kahawa yetu. Karani wa kituo alikuwa upande wa pili, amekumbatia kitabu cha mvua kifuani kama mtoto.

Afisa alikifungua. Alipitisha kidole. "Siku zote hizi za mapumziko zimeandikwa, na si mwandiko wa mzee huyu. Ni wako, ndugu karani?"

"Wangu, ndugu afisa."

"Nani alipima?"

Karani alikitazama kitabu. Si mtu mbaya. Alinipa kalamu nilipochaguliwa kwenda sekondari. Ila alikuwa na watoto wake, na kitabu kile kilikuwa na sahihi yake kila ukurasa. "Nilipima mwenyewe," alisema, na sauti yake ilikuwa ndogo karibu kama yangu.

Tata hakumkanusha. Aliangalia viatu. Mpaka leo sijui ingekuwaje kama katibu asingeingilia.

"Tuna daftari," alisema katibu.

"Lisomwe. Aliyeandika ndiye asome."

Nilisimama. Nilifungua pale ambapo katibu alikuwa ameweka kipande cha jani la mgomba, ukurasa uleule unaomtaja karani. Karani alinitazama. Kwa sababu yeye alikuwa anajua. Alinitazama kama mtu anayesema, mimi nimenyamazia lako, nawe nyamazia langu. Ningeweza kusoma namba tu na kukaa. Lakini namba peke yake, karani angesema amenipa yeye.

"Sema kwa sauti, binti," alisema afisa. "Sisikii kitu."

Nilisoma. Naukumbuka ukurasa huo neno kwa neno, hata sasa ambapo daftari sinalo.

"Jumanne. Milimita thelathini na moja. Mvua ya Juni! Tata anasema imenyesha kwetu tu, ng'ambo ya kilima vumbi ni kavu. Karani amekuja kunakili. Amekula sahani mbili za ndizi na maharage, akasema Mama amezidisha chumvi, kisha akaomba ya tatu."

Mtu alicheka, nadhani katibu. Nikaendelea, kwa sababu nilijua nikimeza mate sitaendelea.

"Alipokuwa ananawa mikono ameniambia, 'Hujambo, binti wa bwana shamba?' Mpwa wake yuko kidato changu, amemwambia. Nimemwomba asimwambie Tata. Shuleni nimesema Tata ni bwana shamba kwa sababu naona aibu kwamba ni kibarua. Naona aibu zaidi kwamba naona aibu. Tata amelowa mpaka mifupani kwa ajili ya hiyo thelathini na moja."

Nikakaa. Sikumwangalia Tata. Niliangalia ziwa, ambalo lilikuwa tulivu tu, halina habari.

Afisa alifungua kitabu cha kituo, akatafuta Jumanne ile. Thelathini na moja. Akafunua nyuma, akafunua mbele, akilinganisha na daftari langu. Kisha akavua miwani.

"Ndugu karani. Chumvi ilizidi kweli?"

Karani alipangusa uso kwa kitambaa. Nilimsikia katibu akitema ganda la kahawa mkononi.

"Ilizidi kidogo, ndugu afisa," alisema karani. "Kidogo tu." Halafu akaongeza, "Alipima yeye. Miaka yote amepima yeye. Mimi hata bilauri ile sijawahi kuishika."

Afisa aliandika kwa muda mrefu. Akasema majibu yatakuja kwa barua na daftari libaki. Tulitoka.

Kupanda Buhembe Tata alitangulia, mikono nyuma, na mimi nilimfuata hatua tano nyuma yake. Tulipita sokoni. Tulipita kanisani, hakugeuka nyuma. Nilikuwa nimeshaamua kwamba nitaacha shule niende kwa masista. Kwenye kona yenye mikaratusi alisimama kunisubiri.

"Huyo bwana shamba wako," alisema, "ana baiskeli?"

"Tata, nisamehe."

"Nauliza. Ana baiskeli au hana?"

"Sikusema."

"Ah. Mwanangu, ukinipa cheo nipe na baiskeli. Mabwana shamba wote wana baiskeli. Unanitembeza kwa miguu na cheo changu?"

Nilicheka na kulia pamoja, na kamasi zikatoka, na hakukuwa na kitambaa. Alinipa ncha ya koti la babu. Tukatembea sambamba. Baadaye kidogo, bila kuniangalia, akasema:

"Na mimi nina langu. Padri aliniuliza maendeleo yako. Nilimwambia binti yangu ndiye anayesoma somo la Jumapili kule shuleni, mbele ya wote, na wa benchi la nyuma wanamsikia."

"Tata! Mimi?"

"Nilimdanganya padri." Alitikisa kichwa. "Leo mle ofisini nikawaza, basi, dhambi moja imepungua."

Barua ilikuja nikiwa nimesharudi shule. Tata hakuituma. Aliileta mwenyewe Jumapili ya wageni, ndani ya bahasha, na bahasha ndani ya kitabu cha sala. Alisimama getini na viatu vyenye matope ya Kishanda, akiangalia wasichana wote wanaofanana kwa sare. Nilikuwa na wenzangu watatu, mmoja ni yule mpwa wa karani. Nilitembea nao mpaka pale.

"Huyu ni baba yangu," nilisema. "Anafanya kazi kituo cha kilimo. Anapima mvua."

Yule wa Nyanga aliuliza, "Mvua inapimwaje?" na Tata alimweleza kwa nusu saa. Wakati wote huo nilikuwa nasoma barua. Ilisema kwamba utumishi wake utahesabiwa kuwa haukukatika tangu siku aliyoanza, kwamba anarudi kazini, na kwamba kama mtumishi mwingine yeyote atastahili likizo yenye malipo. Likizo, si kupumzishwa. Mstari huo Tata aliniomba niusome mara tatu. Karani naye hakufukuzwa. Alipewa onyo. Tata anasema ni yeye aliyemwombea, na Mama anasema ni ile sahani ya tatu inayomlinda.

Sasa ni Juni na niko nyumbani, na Tata yuko likizo. Leo ni siku ya kwanza. Asubuhi alikunywa uji. Akanawa uso. Mama alisimama mlangoni amekunja mikono.

"Unakwenda wapi, mume wangu?"

"Siendi popote. Nimenawa tu."

Alikaa kwenye kigoda barazani. Alfajiri kulikuwa kumenyesha, mvua nyingine ya Juni isiyotarajiwa, na migomba ilikuwa bado inadondosha matone. Ilipokaribia saa tatu goti lake lilianza kucheza. Nilimwona anataka kusimama, nikakaa miguuni pake, juu ya viatu vyake kabisa, nikaanza kumenya maharage. Hakusimama.

Kabla ya saa nne karani alifika mbio, suruali imelowa mpaka magotini.

"Mzee, shikamoo. Kwenye ile bilauri, maji yanajikunja pembeni. Unasoma juu au chini?"

"Marahaba. Chini ya mkunjo. Jicho liwe sawa na maji, si kutoka juu."

"Huwezi kuja dakika moja tu?"

Tata alivuta pumzi. Mama alikohoa jikoni.

"Niko likizo," alisema Tata. Alilisema polepole, kama mtu anayeonja uji kuangalia kama bado ni wa moto. Halafu akalirudia. "Niko likizo, ndugu yangu. Yenye malipo. Nenda ukapime."

Karani alipoondoka Tata aliinama akaninong'oneza, "Unadhani ni ngapi?"

"Kumi na mbili."

"Kumi na nne. Niliisikiliza juu ya bati."

Saa saba amepita mtoto wa karani na kikaratasi. Kumi na nne. Tata amekikunja akakitia kwenye kitabu cha sala, pamoja na ile barua, na sasa amelala kwenye mkeka barazani, mchana kweupe, mdomo wazi, jambo ambalo tangu nizaliwe sijawahi kuliona. Naandika taratibu kalamu isikwaruze.